Mjadala: Waziri Mkuu wa Japani alikuwa na haki ya kuingilia gemu inayovunja jinja?

Mchezaji Sugu (mwanzisha mada)
Wakuu, naona hili suala la Assassin's Creed Shadows watu wanalizungumza nusunusu. Kwa kifupi: ni gemu ya Ubisoft, kampuni ya Ufaransa, ilitoka 20 Machi 2025. Siku moja kabla, kwenye kamati ya bajeti ya baraza la juu la bunge la Japani, mbunge Kada Hiroyuki wa Hyogo alilalamika kwamba mchezaji anaweza kuingia Itatehyozu, jinja (nyumba ya ibada ya Shinto, dini ya asili ya Wajapani) ya kweli kabisa iliyoko Himeji, akafyeka kila kilichomo, na wenyewe hawakuombwa ruhusa. Ishiba, Waziri Mkuu wa wakati huo, akajibu kwamba kuchafua jinja ni kulitukana taifa. Gemu ilipotoka ikaja na sasisho: meza na rafu za ndani ya jinja na mahekalu ya Kibudha hazivunjiki tena, damu imepunguzwa, na raia asiye na silaha hatoki damu akipigwa. Swali langu ni moja tu: serikali ina kazi gani kwenye hadithi ya kubuni?

Kigingi
Nilivyosoma "inayovunja jinja" nikadhani wamebomoa mji wa Uganda, pale Nile inapotokea ziwani. Nikaanza kuulizia ndugu zangu.

Kaka Mbiu
Huyo Waziri Mkuu alitaka gemu ipigwe marufuku, kampuni ikatetemeka usiku huohuo ikatoa sasisho. Habari ndiyo hiyo.

Nyota ya Pemba
Hakutaka ipigwe marufuku, usitupotoshe. Aliulizwa, akasema upande wa sheria utazamwe na wizara za uchumi, elimu na mambo ya nje. Akatoa na mfano: askari wa Japani walipopelekwa Samawah kule Iraq walisomeshwa kwanza mila za Kiislamu. Hoja ilikuwa adabu ya mgeni. Na sasisho la siku ya kwanza haliandikwi usiku mmoja, linakuwa limeshapita majaribio kabla ya siku hiyo.

Mchezaji Sugu
Dada Nyota, umeruka kipande. Hofu ya mbunge ilikuwa kwamba watalii wataiga. Oktoba 2024 mwanajimnastiki mmoja wa Chile alijirekodi akining'inia kwenye torii, lile lango la jinja, akaishia kuomba radhi. Novemba 2024 Mmarekani alikamatwa Tokyo kwa kukwaruza herufi kwa kucha kwenye nguzo ya torii la jinja ya Meiji Jingu. Gemu ilikuwa bado haijatoka. Hao waliiga nini?

Kaka Mbiu
Yaani watu wazima tunalilia meza ya mizimu iliyochorwa kwenye kompyuta.

Fundi wa Poligoni
Niseme upande wa ufundi kidogo. Kitu kinachovunjika kwenye gemu huwa na miili miwili: mmoja mzima, mwingine umeshakatwa vipande tangu karakana. Upanga ukigusa, programu inaficha ule mzima, inaleta vipande, inavipa uzito na kuvirusha. Kuzima hilo ni kubadili alama moja, dakika mbili. Shughuli ni kinachofuata. Adui alikuwa anapigwa teke, anaangukia meza, inasambaratika, anainuka. Sasa meza ni jiwe: anaigonga, anabanwa kati yake na ukuta, miguu inakimbia hewani. Ramani ya njia wanayofuata maadui nayo ilihesabu kwamba meza inaweza kuondoka, kwa hiyo lazima ichorwe upya chumba kwa chumba. Na usipoweka mwitikio, mlio wa kugonga na cheche mbili tatu, upanga unapita katikati ya mbao kama unakata moshi, mchezaji anadhani ni kasoro.

Lakini kwangu meza si kosa lenyewe. Jinja ina mpangilio: torii, njia, birika la kunawia, haiden ambao ni ukumbi wa kusalia, halafu nyuma yake honden, ndimo kinamokaa kile kitu ambacho kami, yaani mungu au roho ya Kishinto, hushukia, mara nyingi kioo. Mwumini anaishia haiden. Honden haingii. Sasa mchora ramani wa gemu akiona chumba cha ndani kabisa chenye mlango uliofungwa, anafanya alichozoea kufanya kila siku: anaweka kasha la hazina. Uvunje meza usivunje, umeshaingia ulipokatazwa, na gemu imekulipa kwa kuingia. Hilo hakuna sasisho la meza litakalolitibu.

Nyota ya Pemba
Kaka Mbiu, "mizimu" umeitoa wapi? Ibada ya watu unaiita mizimu, ya kwako ungekubali iitwe hivyo?

Kaka Mbiu
Bibie, tulia. Wanaabudu mlima, mti na maporomoko ya maji. Kiswahili chake ni mizimu. Unataka niite kanisa?

Nyota ya Pemba
Bibie ni wa nyumbani kwako. Neno lipo, ni hekalu.

Msomi wa Kichaka
Hekalu hapana. Wajapani wana tera, ya Kibudha, na jinja, ya Kishinto. Tera ndiyo tumeshazoea kuiita hekalu. Ukiita zote mbili hekalu, msomaji hatajua kwa nini ukienda moja unapiga makofi na nyingine hupigi.

Nyota ya Pemba
Basi madhabahu.

Msomi wa Kichaka
Hiyo ndiyo mbaya zaidi, dada yangu. Madhabahu ina dhabihu ndani yake, kuchinja. Kwenye jinja kinachowekwa ni mchele, chumvi, maji, pombe ya mchele, samaki, mboga. Damu ni kegare, yaani unajisi, na kifo vilevile. Ndiyo maana mazishi ya Wajapani wengi yanaendeshwa na watawa wa Kibudha, jinja inakaa mbali nayo.

Na Kaka Mbiu kwa bahati mbaya hakukosea sana, ingawa alikusudia kukera. Mzimu wa pwani ni mahali: pango, mbuyu, kitambaa kimefungwa, ubani unafukizwa. Tunalitumia pia kwa roho ya marehemu. Kami nao wako hivyohivyo, wapo wa mlima na wapo waliokuwa watu. Sugawara no Michizane, msomi na ofisa wa kasri ya mfalme, alikufa uhamishoni mwaka 903, ikasadikiwa analipiza kisasi, akajengewa jinja za Kitano na Dazaifu, na leo wanafunzi wanamwomba wafaulu mitihani. Huyo kwa Kiswahili cha bibi yako ni nani kama si mzimu?

Kaka Mbiu
Asante mwalimu. Nyota, umesikia?

Nyota ya Pemba
Nimesikia kwamba ulikusudia kukera.

Kigingi
Tuite jinja tu tumalize. Waganda watatusamehe.

Msomi wa Kichaka
Nirudi kwenye swali la mwenye mada, maana limeachwa yatima. Tarehe 15 Desemba 1945 Wamarekani waliokuwa wanaikalia Japani waliamuru dola na Shinto vitenganishwe. Katiba ikaja kulikazia kwenye ibara ya 20 na ya 89: dola isifanye shughuli ya dini, fedha ya umma isiende huko. Jinja leo ni taasisi ya kidini ya binafsi kisheria. Sasa Waziri Mkuu akisema bungeni kwamba kuichafua ni kulitukana taifa, amesema kama nani? Angesema ni uharibifu wa mali ya watu, au ni kutojali wenyeji, nisingekuwa na neno.

Mchezaji Sugu
Kabla hatujafika huko, Msomi, hilo la "damu ni unajisi". Gemu inaanzia 1579. Mwaka 1571 mbabe wa vita Oda Nobunaga aliteketeza hekalu la Kibudha la Enryaku-ji mlima Hiei pamoja na jinja ya Hie iliyokuwa chini yake, watu wakauawa humohumo. Wajapani kwa Wajapani. Leo Mfaransa akivunja rafu ya kuchora ni tusi?

Nyota ya Pemba
Nobunaga hakuwa anauza diski. Na wewe unasahau yaliyotangulia. Mwaka 2024 kampuni yenye leseni, PureArts, ilitangaza sanamu ya wahusika wa gemu hiyohiyo wamekaa juu ya torii lililobaki mguu mmoja. Wajapani wakaliona mara moja: jinja ya Sanno, Nagasaki. Bomu la tarehe 9 Agosti 1945 lililipuka kama mita 800 kutoka pale, nguzo moja ikaanguka, nyingine imesimama mpaka leo. Sanamu ikaondolewa sokoni. Kwa hiyo Machi 2025 watu hawakuanzia sifuri, walikuwa na donda tayari.

Fundi wa Poligoni
Hili la Sanno ndilo linaonyesha kazi ya kunakili picha bila kuuliza ni ya nini. Torii lenyewe wengi wanalikosea hata likiwa zima. Yapo ya aina mbili kuu. La shinmei ni magogo tu: nguzo mbili, boriti ya juu iliyonyooka, na ya chini ambayo inaishia kwenye nguzo, haitokezi nje. La myojin nguzo zinainamia ndani kidogo, boriti ya juu imepinda kwenda juu ncha zote mbili na ina nyingine imelala chini yake, na ile ya katikati inapenya nguzo, inatokeza, inabanwa kwa kabari. Gemu nyingi zinachukua boriti ya juu iliyonyooka ya shinmei, halafu ile ya chini zinaitokeza nje ya nguzo kama ya myojin, halafu zinapaka jekundu kila kitu. Jinja kuu ya Ise ni mti mtupu wa hinoki, hakuna rangi, na majengo yanajengwa upya kila baada ya miaka 20. Mara ya mwisho 2013. Mkiweka simba wawili langoni, mmoja kinywa wazi mwingine kimefungwa. Nimeona gemu wote wamefumba, mchoraji kanakili mmoja akamgeuza.

Mchezaji Sugu
Fundi unawakandia tu. Mbona husemi la Tsushima? Ghost of Tsushima ilitoka 2020, studio ya Kimarekani, mchezaji anatelezesha kidole kwenye kidhibiti, Jin, shujaa wa gemu, anainama mbele ya jinja. Septemba mwaka huohuo kimbunga kikaangusha torii la Watatsumi, jinja ya kweli kisiwani humo. Wakaomba michango, lengo yeni milioni 5. Zikaja zaidi ya milioni 27, wachangiaji wengi ni mashabiki wa gemu. Serikali ilichangia shilingi ngapi?

Nyota ya Pemba
Ibara ya 89 aliyoitaja Msomi, haiwezi kuchangia. Na umalizie basi: Machi 2025 Watatsumi hiyohiyo ilitangaza kwamba asiyekuja kusali asiingie, baada ya wageni kuifanyia utovu wa adabu. Mwezi uleule wa gemu yako.

Mchezaji Sugu
Gemu nyingine, kisiwa kingine. Usiunganishe.

Nyota ya Pemba
Wewe ndiye uliyeileta Tsushima.

Kaka Mbiu
😂😂 Sugu umejichoma.

Msomi wa Kichaka
Wajapani wenyewe wanachezea jinja kila siku na hakuna anayekwenda bungeni. Touhou, msururu wa gemu za Kijapani, nzima inazunguka jinja ya Hakurei, na utani wake mkuu ni kwamba sanduku la sadaka halina kitu. Kanda Myojin, Tokyo, imemkubali mhusika wa katuni kama balozi wake na inauza hirizi ya kulinda kompyuta. Washinomiya kule Saitama, baada ya katuni ya 2007 kuionyesha, waliokwenda mwaka mpya walifika takriban 300,000 mwaka 2008 na 470,000 mwaka 2011. Hizo ni biashara za kuelewana. Itatehyozu hakuulizwa mtu. Tofauti ni hiyo, na haihitaji Waziri Mkuu, inahitaji barua moja.

Fundi wa Poligoni
Barua, na mtu wa kukaa na mchora mwendo siku nzima. Kunawa tu kunawashinda. Kata unaishika kwa mkono wa kulia, unanawa wa kushoto, unabadilisha unanawa wa kulia, unarudisha kulia, unamimina maji kiganja cha kushoto unasukutua, unanawa kushoto tena, halafu unaisimamisha kata wima maji yaliyobaki yateremke kwenye mpini. Yote kwa kata moja ya maji. Gemu inaonyesha mtu anakunywa kutoka kwenye kata kama yuko kisimani. Halafu sarafu, kuinama mara mbili, makofi mawili, kuinama mara moja.

Msomi wa Kichaka
Ambayo kwenye gemu ya 1579 ni kosa lingine. Mpango huo wa mbili-mbili-moja ulisanifiwa enzi ya Meiji. Kabla ya 1868 jinja na tera zilikuwa zimechanganyikana, mtawa anasoma sutra, maandiko ya Kibudha, mbele ya kami.

Kaka Mbiu
Kwa hiyo makofi mawili au hapana? Mtu akienda leo afanyeje?

Fundi wa Poligoni
Leo mawili. Izumo Taisha manne.

Nyota ya Pemba
Na Usa Jingu manne.

Kaka Mbiu
Marekani kuna jinja ya makofi manne?

Nyota ya Pemba
Usa ni mji, uko Oita, Kyushu.

Kigingi
Kwanza Jinja, sasa Usa. Mimi nalala.

Mchezaji Sugu
Swali langu lilikuwa la serikali.

Kaka Mbiu
Fundi, na tera? Huko makofi mangapi?

Fundi wa Poligoni
Sifuri. Unaunganisha viganja, kimya.