Naombeni ushauri, Lindy Hop inatukwamisha

Habari zenu wadau. Nafundisha densi vijana wa mtaani, tumemaliza breki dansi ya Bronx sasa nataka niwarudishe nyuma hadi Lindy Hop, densi ya wawili wawili ya muziki wa swing iliyotoka Harlem, New York, pale ukumbi wa Savoy Ballroom uliofunguliwa 1926, weusi na weupe wanacheza sakafu moja wakati kumbi nyingi Marekani zilikuwa zinawatenga, hilo linanigusa sana. Shida ni swingauti ya hesabu 8, yaani mwendo wa msingi ambao wawili wanaachiana na kurudiana ndani ya mapigo 8, zile hatua tatu za haraka kwenye 3-na-4, muziki ukikimbia miguu inachelewa wanaanza kuvutana mikono mpaka mabega yanauma. Nimepunguza spidi, nimewapigisha makofi, wapi. Nirudi kwanza kwenye miendo mifupi ya hesabu 6? Na historia ya ubaguzi niwaeleze kabla ya mazoezi au wakishaushika mwendo?