Dodoma: tulipie miche iliyopandwa au miti iliyo hai?

MpimaKivuli (mleta mada)
Wadau, habari za jioni. Kila msimu Dodoma tunatangaziwa idadi ya miche iliyopandwa. Iliyo hai haitangazwi. Pendekezo langu: mkandarasi asilipwe kwa shimo na mche. Apewe robo akishapanda, robo nyingine mche ukivuka kiangazi cha kwanza, na nusu iliyobaki ukiwa hai baada ya kiangazi cha tatu.

Mvua yetu ni msimu mmoja, Desemba hadi Aprili, milimita 550 na ushee kwa mwaka. Siku ya kitaifa ya kupanda miti ni 1 Aprili. Dar tarehe hiyo masika yamekolea, huku kwetu mvua inaaga. Mche unaoingia shimoni siku hiyo unapata wiki mbili tatu za unyevu, kisha jua na upepo miezi 7. Mche huohuo ukipandwa Desemba, ardhi ikishalowa sm 30 kwenda chini, unapata miezi 4 ya kushusha mizizi.

Sasa piga hesabu ya maji. Lita 20 kwa mche kwa wiki, wiki 30 za kiangazi, ni lita 600. Miche 1,000 inataka lita 600,000, yaani boza 60 za lita 10,000. Nani ameziweka hizo boza 60 kwenye bajeti?

Na tukishaiokoa hiyo miche, jamani isiwe miashoki. Ule si mti wa kivuli, ni nguzo yenye majani.

Kitalu_Nkuhungu
Mkuu, ulianza vizuri ukaharibu mwishoni. Nguzo yenye majani? Mwashoki unapandwa mita 1 kutoka ukutani na msingi haupasuki. Unazuia vumbi la Agosti na Septemba, hauingii kwenye nyaya kwa sababu haupanuki, na hauangushi matawi juu ya gari la mtu. Mwenye kiwanja cha mita 15 kwa 20, chenye nyumba, shimo la choo na banda la kuku, unamwambia apande mkuyu? Watu wa vitalu tunaotesha kinachohitajika. Usitudharau.

MpimaKivuli
Sijadharau mtu, nimesema mti. Dodoma iko nyuzi 6 kusini mwa ikweta, mchana jua liko utosini. Mti unakupa kivuli cha upana wa mwavuli wake tu. Mwashoki una upana wa mita 1.5, kivuli chake hakifiki mita za mraba 2. Mwarobaini uliotanua mita 8 unatoa mita za mraba 50. Unahitaji miashoki 28 kupata kivuli cha mwarobaini mmoja. Sasa hesabu boza.

Kitalu_Nkuhungu
Jua liko utosini mwaka mzima? Juni linaegemea kaskazini karibu nyuzi 30. Mwashoki wa mita 10 mchana wa Juni unatupa kivuli cha mita 5 na zaidi kuelekea kusini. Panga safu upande wa kaskazini wa nyumba uone kama ukuta utachemka. Ukija na hesabu, uje nayo nzima.

MpimaKivuli
Hapo kweli, Juni nimeiruka. Lakini Juni Dodoma watu wanavaa makoti! Joto linaloua ni la Oktoba na Novemba, na wiki ya pili ya Oktoba ndipo jua linapopita juu ya vichwa vyetu kama saa 6 na nusu mchana. Kivuli cha mwezi wa baridi hakimsaidii mama anayeuza mbogamboga barabarani Oktoba.

Chimwaga_Kwanza
Ndugu zangu, mnabishana bure. Turudi kwenye miti yetu ya asili. Mwarobaini upo tangu enzi za babu zetu, ni dawa, mbuzi hawaupendi, na hauhitaji boza. Enzi za CDA, ile mamlaka ya kustawisha makao makuu, iliyoundwa 1976, mji ulipangwa na miti ikatunzwa.

BiMsitu
Mawili hapo si sahihi. CDA iliundwa 1973. 1976 ni mwaka wa mpango kabambe ulioandaliwa na wataalamu wa Kanada. CDA ikavunjwa 2017, kazi zikahamia manispaa ya Dodoma, ambayo sasa ni jiji. La pili, mwarobaini si mti wetu wa asili. Ulitoka Asia Kusini. Kule pwani ndege na popo wanakula matunda na kumwaga mbegu, na umeshavamia mabaki ya misitu. Kama ni asili, semeni mgunga, mkwaju, mbuyu.

Chimwaga_Kwanza
Dada, nimetaja mti unaoponya watu unaniletea paspoti yake. Mkungu nao si wa huku, mkrismasi ni wa Madagaska, mwembe nao ni mgeni. Ukate yote?

BiMsitu
Sijasema kata. Nimesema usiuite wa asili. Mtu akiamini hivyo anakwenda kuujaza kwenye vilima na makorongo ambako mgunga unaota wenyewe ukilindwa dhidi ya mbuzi misimu mitatu tu. Mjini, kwenye kituo cha daladala, mwarobaini pandeni. Kivuli chake ni kizuri na unavumilia ukame.

Bodaboda_Area_C
Mgunga kijiweni kwetu hapana. Mwiba wa mgunga unatoboa tairi na tyubu. Na mbuyu mnaoutaja utatoa kivuli mwaka gani? Kiangazi chote umepukutika majani.

BiMsitu
Kwa kijiwe uko sahihi kabisa. Mgunga ukae kwenye maeneo ya wazi na kingo za makorongo. Kijiweni mkwaju: hauna miiba, kivuli kizito, unaishi miaka mingi. Shida yake ni uvivu wa kukua miaka 5 ya mwanzo, na mizizi haipendi maji yaliyotuama. Ndiyo maana wenye zabuni wanaukimbia: kufika siku ya ukaguzi bado uko kiunoni.

Kitalu_Nkuhungu
Wanaukimbia pia kwa sababu ya kiriba, kile kifuko cha nailoni cha kuoteshea mche. Mkwaju unashusha mzizi mkuu mapema. Ukiuacha kwenye kiriba cha sm 20 zaidi ya miezi 6 mzizi unafika chini, unajikunja kama springi ya kalamu. Ukiupanda hivyo unasimama miaka miwili, kisha upepo unaulaza. Sisi tunasogeza viriba kila wiki mbili ili mizizi isiingie ardhini. Mnunuzi naye apasue kiriba chote, akiona mizizi imezunguka akate wima sehemu tatu kwa kisu chenye makali. Wengi wanatoboa kitako tu na kuzika na nailoni yake. Halafu lawama kwa kitalu.

MamaZabibu
Mimi naomba niulize la maji. Maji ya mji huu sehemu kubwa yanatoka visima vya Makutupora, na mitaani ni mgao. Mji umetoka watu laki 4 na ushee mwaka 2012 hadi zaidi ya laki 7 mwaka 2022. Mnataka boza 60 ziende kwenye miti wakati kuna kaya zinanunua ndoo? Hilo halikubaliki.

MpimaKivuli
Mama, hoja yako ni nzito. Maji ya kunywa yasitumike. Mabwawa ya majitaka ya Swaswa yapo, na maji yaliyokwisha kutulia humo yanafaa kwa miti ya barabarani. Yasitumike kwenye mboga, na anayemwagilia avae glovu na buti.

BiMsitu
Na kabla ya boza, tuvune mvua. Shimo sm 60 kwa 60 kwa 60. Udongo wa juu weka kulia, wa chini kushoto. Wa juu changanya na ndoo mbili za samadi iliyooza mpaka haina harufu. Mbichi inaunguza mizizi. Urudishe huo kwanza. Wa chini usiutupe, tengeneza tuta la nusu mwezi upande wa chini wa mteremko, kimo cha sm 25, likumbatie mita 4 za mraba. Mvua ya milimita 10 hapo ni lita 40, na ardhi ya Dodoma ikishaganda juu maji yanateleza yote kuelekea mche. Shina likae kimo kilekile lilichokuwa kwenye kiriba. Ukilizika zaidi linaoza gome.

Chimwaga_Kwanza
Ongeza matandazo ya nyasi.

BiMsitu
Nyasi kavu Dodoma ni karamu ya mchwa. Wakimaliza nyasi wanahamia kwenye gome, wanalizungushia udongo, na mche unakauka umesimama. Tandaza kokoto sm 7, zisiguse shina. Na usimwage maji juu juu. Chomeka kipande cha bomba la inchi 2, urefu wa sm 40, kilichotobolewa kwa chini, kando ya mche. Maji yanakwenda kwenye mzizi na jua haliyapati.

Fundi_Pevingi
Mnahangaika na miche, mimi naona miti ya miaka 20 inakufa. Ramani inasema pevingi ukuta hadi ukuta, fundi anashindilia kifusi hadi kwenye shina. Mafundi bomba nao wanachimba mtaro nusu mita kutoka kwenye mti, wanakata mizizi ya upande mzima. Mti hauanguki siku hiyo. Unasubiri mvua ya kwanza yenye upepo, unaanguka upande uliobaki na mizizi, watu wanasema ulikuwa mzee.

Bodaboda_Area_C
Na wale wa kukata matawi chini ya nyaya? Wanakata kichwa chote.

Fundi_Pevingi
Kukata kichwa ni kujitengenezea kazi. Pale panachipua fimbo 10 zilizoshikilia gome tu, na msimu wa pili zimerudi kwenye nyaya, dhaifu kuliko tawi la mwanzo. Tawi zito linakatwa mara 3. Kwanza kwa chini, sm 30 kutoka kwenye shina, theluthi moja ya unene. Pili kwa juu, sm 5 mbele ya pale, tawi lianguke bila kuchana gome. Tatu toa kisiki, nje kidogo ya ule uvimbe ambapo tawi linakutana na shina. Ukikata huo uvimbe, kidonda hakifungi, mchwa wanaingia.

MamaZabibu
Fundi, mti ambao tayari umezibwa na pevingi unaokoleka?

Fundi_Pevingi
Kama majani ya juu hayajakauka, ndiyo. Ng'oa pevingi mita 1 kila upande kwa mkono, usitumie sururu kwa sababu mizizi iko palepale chini. Ondoa kifusi mpaka uone pale shina linapopanuka. Jaza kokoto bila saruji. Fanya hivyo Novemba, kabla ya mvua.

Kitalu_Nkuhungu
Na mwashoki nao mita 1 kila upande?

Fundi_Pevingi
Nusu mita inatosha.