Nimehama kutoka Android kwenda iPhone: sarafu za mchezo nilizolipia zimebaki nyuma, binti yangu kapoteza shamba lake la kwenye mchezo, na hakuna aliyetuambia kabla ya kulipa

Ndugu wanajukwaa, habari za jioni. Ninaandika kutoka hapa Mwanza nikiwa na hasira, ila nitajitahidi kulieleza jambo hili kwa utaratibu, kwa sababu najua humu wamo watu wanaojiandaa kubadilisha simu, na sitaki mwingine akutwe na yaliyonikuta mimi.

Mwezi uliopita kaka yangu anayeishi Dar es Salaam alinunua simu mpya, ile iPhone aliyokuwa akiitumia akanipa mimi. Niliipokea kwa shukrani, maana kioo cha Android yangu kilikuwa kimepasuka tangu nilipoidondosha nikishuka kwenye pikipiki pale Igoma. Nilikwenda na binti yangu wa miaka 9 kwenye duka moja la simu karibu na Makoroboi ili kijana wa dukani atusaidie kuhamisha vitu. Akaziweka simu zote mbili juu ya kaunta ya kioo, akafungua kwenye Android ile programu ya Move to iOS, ambayo Apple waliitoa mwaka 2015 kwa kazi hii hii, akaingiza tarakimu zilizojitokeza kwenye iPhone, tukasubiri. Majina yalihama. Picha zilihama, meseji zilihama, na hata mazungumzo ya WhatsApp, ambayo kabla ya mwaka 2022 hayakuwa na njia rasmi ya kupita kwenda upande huo, yalihama pamoja na sauti alizokuwa akinitumia marehemu mama yangu. Nilifurahi mno, wala sioni aibu kulisema.

Alama za michezo nazo zikaanza kujitokeza moja moja, kwanza zikiwa za kijivu, kisha zikapata rangi. Binti yangu akaigusa ya kwake kabla sijaishika simu vizuri. Kilichofunguka kilikuwa kiwanja kitupu chenye nyumba moja, kisima kimoja na maneno ya kumkaribisha mchezaji mpya. Akanitazama, akauliza, "Baba, ng'ombe wangu wako wapi?"

Kijana wa dukani akajibu kwa upole, "Mwalimu, mchezo huwa unakuja wenyewe tu, vilivyomo haviji."

Naomba mwelewe shamba hilo lilikuwa nini, kwa sababu najua atatokea mtu wa kuniambia kwamba ni mchezo tu. Mtoto huyu alilianza shamba lile mwaka ambao bibi yake alikuwa akitibiwa hospitali ya Bugando, na kwa miezi kadhaa sehemu kubwa ya jioni zetu tulizimaliza kwenye mabenchi ya kusubiria, yeye akiwa na simu yangu mikononi. Alifika leveli ya 47. Ng'ombe wake wote aliwapa majina ya shangazi zake, na kona ya chini, pembeni ya mto, hakuotesha kitu kingine isipokuwa pamba mistari kwa mistari, kama alivyoliona shamba la babu yake kule Magu. Bibi yake alikuwa akimuuliza kila siku kama pamba imeshafunguka. Kazi hiyo ni ya mtoto na mimi naiheshimu, na kampuni iliyomkaribisha aifanye kwa zaidi ya miaka miwili ilipaswa kuiheshimu pia.

Nilipofuatilia nikagundua tatizo liko wapi. Siku ya kwanza mchezo ulimpa kitufe kikubwa cha kuendelea kama mgeni, naye akakibonyeza, jambo ambalo mtoto yeyote angelifanya. Anayecheza kama mgeni hana akaunti: anachojenga kimefungwa kwenye simu ile ile, na ukiufuta mchezo au ukiseti simu upya, kimekwenda. Nikasema basi, simu ya zamani bado ni nzima, nitaiunganisha sasa. Nikaingia kwenye mipangilio ya mchezo. Kwenye Android njia pekee iliyopo ni Google Play Games, huduma ya Google ya kutunza rekodi za michezo. Kwenye iPhone njia pekee iliyopo ni Game Center, huduma kama hiyo ya Apple. Hakuna barua pepe, hakuna namba ya simu, hakuna akaunti ya kampuni yenyewe. Ukiunganisha na Play Games, rekodi yako inakuwa salama kwa mtu anayehama kutoka Android kwenda Android nyingine, lakini toleo la iPhone haliwezi kuifungua, na hiyo Game Center haina habari kwamba uliwahi kuwepo. Ni nyumba mbili zisizo na mlango kati yake, na aliyeamua kuweka shamba la mteja katika nyumba moja bila kumpa ufunguo wa pili ni mwenye mchezo.

Hapo nasisitiza, kwa sababu nimeshasikia watu wakisema kwamba mifumo hii miwili ni tofauti na kwamba haiwezekani. Inawezekana, na imekuwa ikifanyika kwa miaka mingi. Clash of Clans ya kampuni ya Supercell ya Finland ilitoka kwenye iPhone mwaka 2012 na kwenye Android mwaka 2013, na leo mchezaji akiwa na Supercell ID, yaani akaunti ya kampuni hiyo yenyewe, anakihamisha kijiji chake kutoka simu ya aina moja kwenda ya aina nyingine kwa barua pepe na tarakimu za uthibitisho. Genshin Impact ya mwaka 2020 nayo ina akaunti yake yenyewe, kwa hiyo mtu anaweza kuanza kwenye Android, akaendelea kwenye kompyuta, akamalizia kwenye iPhone. Michezo mingi ya Kijapani imetumia njia nyepesi kuliko hizo: inakupa namba ya siri ya uhamisho, unaiandika kwenye karatasi, unaiingiza kwenye simu mpya, basi. Rekodi ya shamba si mzigo unaohitaji meli. Ni orodha ya vitu na mahali vilipo, na iko kwenye seva ya kampuni, yaani kompyuta yao ya kuhifadhia rekodi, ambayo ni ile ile inayozihudumia simu za aina zote mbili.

Sasa nije kwenye la kwangu, ambalo ni la fedha.

Mimi nacheza mchezo wa mpira wa miguu, na huo una akaunti ya barua pepe, niliyoisajili mapema kwa sababu nilikuwa nimeshaonywa na mwenzangu wa kazini. Nilipoingia kwa akaunti hiyo kwenye iPhone, timu ilikuja, wachezaji walikuja, na hata rekodi ya mechi ilikuja. Sarafu zikasoma sifuri. Nilikuwa na sarafu 3,250 ambazo sikuzipewa zawadi, nilizinunua. Nilirudi kwenye simu ya zamani nikafungua akaunti ile ile, nikazikuta zote ziko palepale. Nikarudi kwenye iPhone, sifuri. Jina ni lile lile, barua pepe ni ile ile, timu ni ile ile, lakini mfuko wa fedha ni mwingine. Nikakaa usiku huo nikapitia meseji zote za malipo, moja baada ya nyingine, na tangu mwaka 2022 nimelipia mchezo huo mara 11, jumla ya shilingi 214,000. Huo ni mshahara wa mwalimu, ndugu zangu, umetoka kidogo kidogo, na sehemu ya mwisho, shilingi 38,000, ilitoka wiki tatu tu kabla ya kubadilisha simu. Google Play, duka la programu la Android nililonunulia, ina utaratibu wa kuomba kurejeshewa fedha, lakini kwa kawaida ombi hilo linatakiwa lifanyike ndani ya saa 48 tangu ununue. Ningejuaje ndani ya saa 48 kwamba baada ya wiki tatu kaka yangu angenipa simu?

Niliwaandikia huduma kwa wateja wa mchezo huo. Wakachukua siku sita. Jibu lilinikuta Nansio, kisiwani Ukerewe, nimekwenda kusimamia mitihani, nimesimama gatini nasubiri meli ya kurudi, na nililisoma mara mbili kwa sababu sikuamini. Waliandika kwamba wanaelewa usumbufu nilioupata, ila sarafu zilizonunuliwa kwenye duka la mfumo mmoja haziwezi kutumika kwenye mfumo mwingine kwa sababu kanuni za maduka ya programu haziwaruhusu.

Nimekasirishwa na sentensi hiyo kuliko hata sarafu zenyewe, kwa sababu si kweli. Kanuni za Apple kwa watengenezaji wa programu ziko wazi mtandaoni, kila mtu anaweza kuzisoma bila kulipa, na kifungu cha 3.1.3(b) kinazungumzia huduma zinazofanya kazi kwenye mifumo mingi. Kinasema kwamba programu za namna hiyo zinaweza kumruhusu mtumiaji kupata alivyovinunua kwenye mifumo mingine au kwenye tovuti ya mtengenezaji, vikiwemo vitu vya kutumika na kwisha katika michezo, mradi tu vitu hivyo viwe vinauzwa pia ndani ya programu ya iPhone yenyewe. Sarafu ni kitu cha kutumika na kwisha. Na sarafu zao zinauzwa ndani ya programu ya iPhone, tena ndiyo picha ya kwanza wanayokuonyesha ukifungua. Sharti limetimia. Kwa hiyo anayeninyima si duka. Ni kampuni imeamua hivyo, kisha ikamsingizia jirani.

Ninafahamu kwamba kuna hesabu nyuma yake. Maduka hayo ya programu, la Apple na la Google, huchukua kamisheni, ambayo kiwango chake cha kawaida kwa miaka mingi kimekuwa asilimia 30, na asilimia 15 kwa watengenezaji wadogo tangu mwaka 2021, na nakubali kwamba kampuni inaona raha kuweka mapato ya kila upande katika daftari lake. Lakini daftari ni lao. Mimi nilishalipa, kamisheni ilishakatwa, na sarafu hazijatumika. Sioni ni hesabu ipi inayoharibika zikisomeka kwenye simu yangu ya sasa.

Kuna wenzetu waliofika mbele katika jambo hili kisheria. Umoja wa Ulaya, katika kanuni zake za ulinzi wa taarifa zilizoanza kutumika tarehe 25 Mei 2018, uliweka kifungu cha 20 kinachompa mtu haki ya kupewa taarifa zake katika muundo unaosomeka na kompyuta na kuzipeleka kwingine. Wakenya, tunaochangia nao ziwa hili, waliweka haki hiyo katika kifungu cha 38 cha sheria yao ya mwaka 2019. Sidai kwamba vifungu hivyo viliandikwa kwa ajili ya ng'ombe wa binti yangu. Nasema kwamba wazo la mtu kuondoka na kilicho chake si geni tena duniani, na kampuni zinazouza huku kwetu zinalijua vizuri.

Na hata kama wasingetaka kuhamisha chochote, walikuwa na wajibu mdogo ambao haugharimu kitu: kusema. Pale unapobonyeza kununua, panaandikwa bei, panaandikwa idadi ya sarafu, panawekwa nyota zinazometameta, na hapana mahali palipoandikwa kwamba sarafu hizi zitaishia kwenye mfumo huu tu. Nimeyatafuta maneno hayo. Yapo, katika masharti marefu ya matumizi, kwa Kiingereza, baada ya kurasa ambazo hakuna mtu wa Buhongwa wala wa London anayezisoma kabla ya kununua sarafu. Vivyo hivyo kwa kile kitufe cha mgeni: sentensi moja ya Kiswahili chini yake, ikisema kwamba ukiendelea hivi utapoteza kila kitu siku ukibadilisha simu, ingetosha. Ningemsajili mtoto siku hiyo hiyo, au ningemtafutia mchezo mwingine.

Nimewajibu kwa barua nikawawekea kifungu hicho cha 3.1.3(b) neno kwa neno, nikaambatanisha picha za skrini za simu zote mbili na orodha ya malipo 11 kwa tarehe. Nimedai sarafu 3,250 zisomeke kwenye akaunti yangu bila kujali ninatumia simu gani, au nirejeshewe shilingi 38,000 za mwisho. Ni siku ya nne leo na hawajajibu. Kwa kampuni ya ule mchezo wa shamba nimeomba jambo moja tu, kwamba waisome rekodi ya mgeni kutoka simu ya zamani, ambayo namba yake ya utambulisho inaonekana kwenye mipangilio, na kuiunganisha na Game Center ya simu mpya. Wao ndio wenye seva, na kazi hiyo ni ya dakika chache.

Ninachoomba kwenu ni ushuhuda. Aliyewahi kuhamishiwa sarafu au rekodi kati ya Android na iPhone baada ya kubishana nao, aandike hapa ni mchezo gani na aliwaambia nini. Aliyekataliwa, aweke picha ya jibu alilopewa, ili tuone kama wote tunasomewa sentensi ile ile ya kanuni za maduka. Na wewe unayetaka kuiacha simu yako ya zamani dukani ili upunguziwe bei ya mpya, usikubali isetiwe upya kabla hujafungua michezo yako mmoja mmoja kwenye simu mpya na kuhakikisha kilichofika. Kijana wa Makoroboi alishanyoosha mkono kuichukua yangu, na ningempa, leo hii nisingekuwa na la kudai.

Simu hiyo yenye kioo kilichopasuka iko juu ya kabati hapa nyumbani. Kila Jumamosi asubuhi naichaji, namuunganishia bando kutoka kwenye simu yangu mpya, na binti yangu anakaa nayo sakafuni kwa saa moja kuvuna pamba yake. Kidole anakipitisha taratibu ili asijikate na ufa.