Skonzi za jibini kwenye jiko la mkaa

MkaaziNjombe: Jamani, nataka kuoka skonzi za chumvi, zile za Kiingereza zisizotiwa hamira. Nina jibini ngumu, giligilani na vitunguu majani. Oveni sina. Zitaumuka?

MamaUnga: Zitaumuka, mpenzi. Unga gramu 250, baking poda vijiko 3 vya chai, siagi baridi gramu 50. Fikicha kwa ncha za vidole mpaka uwe chenga chenga, ndipo utie jibini iliyokunwa na maziwa kidogo kidogo. Usikande kama chapati, tafadhali! Kata nene, sentimita 3. Giligilani hupoteza harufu motoni. Mie ningejaza vitunguu majani.

Kibanda7: Sufuria ipate moto kwanza. Makaa mengi juu ya mfuniko, chini machache.

MkaaziNjombe: Asante dada, nawasha jiko.