Tujadili: Je, watoto wa nyumba moja Uganda walazimishwe kubeba jina moja?

Ndugu zangu, hoja hii imetuvuruga nyumbani wiki nzima, na najua si kwetu tu. Shemeji yangu anasema umefika wakati Uganda itunge sheria: kila familia ichague jina moja, baba, mama na watoto walibebe, na wajukuu walirithi. Mimi napinga. Nitaeleza sababu zangu, na hoja zake nitaziweka bila kuzipunguza, halafu nanyi mseme.

Mnijue kwanza. Baba yangu alikuwa Mwacholi na askari. Tulikulia kambini Jinja, ndiyo maana Kiswahili kwangu ni lugha ya nyumbani. Baba aliitwa Okech kwa kuwa alizaliwa mwaka wa njaa. Kech kwetu ni njaa. Kaka yangu mkubwa ni Okot, alizaliwa mvua ikinyesha. Wakaja mapacha wa kike, Apio akatangulia, Acen akafuata. Mimi niliyezaliwa baada ya mapacha ni Akello, na ningekuwa mvulana ningeitwa Okello. Watoto wanne, majina manne, na Mwacholi au mtu yeyote wa Lango pale kambini aliyetusikia tukiitwa chakula alijua kati yetu wasichana nani kamtangulia nani bila kuuliza.

Kisha nikaanza shule. Mwalimu aliyeandikisha akataka jina la familia. Mama akamwambia hatuna. Akaandika Okech kwa wote. Nikafika darasa la saba, cheti cha mtihani kikatoka na jina hilo, na cheti kikishatoka hakibadiliki kirahisi. Mimi msichana, niliyezaliwa mwaka wa mavuno, karatasi inaniita mvulana wa njaa! Mwaka 2014, serikali ilipoanza kutuandikisha kwa vitambulisho vya taifa, nilitoa jina langu, Akello. Tangu hapo, kila kazi niliyoomba imenipeleka kwa wakili kwanza, nilipe, niape kwamba Okech na Akello ni mtu mmoja. Na baba alipofariki, ofisi moja ilitudai ushahidi kwamba sisi ni ndugu, kwa sababu vitambulisho vyetu vilikuwa na majina manne. Dada yangu Acen alilia pale dirishani. Baba yake amezikwa juzi, na mtu asiyemjua anamuuliza kama kweli alikuwa baba yake.

Hapo ndipo shemeji ananishika. "Mngekuwa na jina moja, mngelia nini?" Anasema mama anayesafiri na mtoto wa jina tofauti huwekwa kando uwanja wa ndege. Anasema mjane hupokonywa kiwanja na wakwe kwa kuwa watoto hawana jina la marehemu. Hoja hizi zina uzito. Nimeona mjane akitolewa nyumbani kwake, sitasema ni maneno matupu.

Lakini tuangalie mateso yetu yalianzia wapi. Nisingeapa popote kama mwalimu angeandika jina nililopewa. Tatizo liliingia siku karani alipokuta kisanduku kitupu akaona lazima akijaze.

Na shemeji huyu anayetaka jina moja anaitwa Tenywa. Ni Msoga. Mume wangu ni pacha wake, Waiswa, ndiye aliyetangulia kutoka. Baba yao tangu siku walipozaliwa anaitwa Isabirye, yaani baba wa mapacha. Sasa tuitunge hiyo sheria leo. Wanangu watakuwa akina Waiswa, binti yangu ataitwa pacha wa kiume wa kwanza. Wa shemeji watakuwa akina Tenywa. Watu wawili waliolala tumbo moja watakuwa wameanzisha familia mbili, na baada ya vizazi viwili wajukuu wao watakutana Kampala wasijuane. Turudi basi kwa mzee, wote wawe Isabirye? Kijana asiye na mtoto hata mmoja aitwe baba wa mapacha? Nilimuuliza shemeji, akasema atafikiri. Bado anafikiri.

Huko Buganda jina hufanya kazi kubwa zaidi. Kila ukoo una majina yake, na Mganda akisikia lako mara nyingi anajua wewe ni wa Ngonge au wa Nsenene, hivyo anajua kama mnaweza kuoana. Mpe mama jina la mumewe, ambalo ni la ukoo mwingine, na umeshamchanganyia mtu hesabu hiyo. Kiswahili nacho kinatuponza kidogo: tumezoea kuita kisanduku kile "jina la ukoo", na kinachojazwa pale si ukoo hata kidogo.

Wanaosema bila jina moja ukoo hupotea, watazame Mengo, kwenye makao ya Kabaka, mfalme wa Buganda. Kabaka Mutebi ni mwana wa Muteesa wa Pili, aliyekuwa mwana wa Daudi Chwa, mwana wa Mwanga, mwana wa Muteesa wa Kwanza. Hakuna jina la familia hapo, na hakuna Mganda anayeuliza ni mtoto wa nani. Hata Rais wetu: baba yake aliitwa Kaguta, na Museveni limetokana na Abaseveni, askari wa Batalioni ya Saba ya King's African Rifles, jeshi la Waingereza wakati wa ukoloni. Mwanawe ni Muhoozi Kainerugaba. Baba na mtoto hawashiriki jina hata moja.

Tunaambiwa tena kwamba dunia yote iko hivyo. Si kweli. Iceland mpaka leo mtu wa kawaida hubeba jina la baba au mama yake mzazi, na mtoto wake hubeba lingine. Ethiopia ni jina lako, la baba, la babu. Ndugu zetu Wanubi wa Bombo na Waislamu wengi wanafuata mpango huohuo. Japani iliwalazimisha watu wote kuwa na majina ya familia mwaka 1875, Uturuki mwaka 1934. Zilikuwa amri za serikali, na si za zamani sana.

Ankole na Kigezi jina huwa sentensi nzima. Tumwesigye, tumtumaini. Byaruhanga, ni vya Mungu. Haya hata mjukuu akirithi si mbaya. Lakini kuna Tibasiima, hawashukuru. Mzazi aliyatupa maneno hayo kwa watu waliomuudhi mwaka fulani. Kwa nini kitukuu abebe ugomvi wa watu waliokwisha kufa?

Familia inayotaka jina moja kwa hiari yake ilichukue, nyingi Kampala zimeshafanya hivyo, na mwanamke anayependa jina la mumewe ni shauri lake. Ninachokataa ni kulazimishwa. Kila raia aliyeandikishwa ana namba yake, na fomu ya kitambulisho iliuliza majina ya wazazi wetu wote wawili. Udugu wetu umo humo tayari. Ofisi isome hapo, iache kutafuta udugu kwenye herufi za jina. Mjane naye alindwe kwa cheti cha ndoa na vyeti vya kuzaliwa vya watoto. Wakwe wenye tamaa hawajawahi kuzuiwa na jina.

Binti yetu ana miezi minne na fomu yake iko juu ya kabati, haijajazwa. Waiswa anangoja niseme. Mlioandikisha watoto karibuni kwa majina yao wenyewe, kwenye kile kisanduku cha jina la familia mliandika nini, na karani alikubali? Na nyinyi Wanyoro na Watooro, akina Akiiki na Adyeri na Amooti, UNESCO iliiweka empaako, yaani desturi yenu ya majina hayo ya heshima na upendo, mwaka 2013 kwenye orodha ya urithi unaohitaji kuokolewa haraka. Kwenye fomu mliiweka wapi?