Malalamiko dhidi ya daktari: tuanzie wapi?

Binti wa Umoja:
Salamu kwenu nyote. Mama yangu alifanyiwa upasuaji wa kuondoa kibofu cha nyongo katika hospitali moja ya kibinafsi hapa Nairobi. Usiku wa pili homa ilipanda na tumbo likafura. Tulisihi daktari aitwe, lakini hakufika hadi jioni ya siku iliyofuata, na ikabidi mama apasuliwe tena kwingine. Sasa tunataka wanaompa daktari huyo leseni wachunguze jambo hili. Hospitali inasema kwamba kwa kuwa mama alitia sahihi fomu ya idhini, hatuna la kudai. Je, ni kweli?

Muuguzi Mstaafu:
Poleni sana, dada. Si kweli. Sahihi ile iliruhusu upasuaji na hatari zake za kawaida. Haikumruhusu mtu yeyote kumwacha mgonjwa bila kuangaliwa. Kabla ya kuandika lolote, ombeni kwa barua nakala ya faili zima, wala msikubali kupewa muhtasari wa kuruhusiwa kwenda nyumbani peke yake. Someni hasa chati ya vipimo na maelezo ya wauguzi, kwa sababu muuguzi wa zamu anatakiwa kuandika saa aliyopima joto, kiwango alichopata na saa aliyompigia daktari simu. Mstari mmoja unaosema "daktari amejulishwa", ukiwa na saa yake, utawasaidia kuliko kurasa nyingi za uchungu, ingawa uchungu wenu ni wa haki kabisa.

Wakili, Ngara:
Naongezea kwamba Kifungu cha 35 cha Katiba kinampa raia haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa mtu mwingine iwapo anazihitaji ili kulinda haki yake, kwa hiyo itajeni katika barua hiyo. Malalamiko yenyewe hupelekwa kwa Baraza la Madaktari na Madaktari wa Meno, lililokuwa likiitwa bodi hadi 2019. Hakikisheni kwanza kwamba jina la daktari huyo limo katika rejista ya baraza hilo, kwa maana maafisa wa kliniki na wauguzi wana mabaraza yao. Kwa kuwa baraza hilohilo ndilo linalozipa hospitali leseni, itajeni hospitali pia. Baraza linaweza kusimamisha leseni au kufuta jina la daktari, lakini anayetaka fidia aende mahakamani, na kesi ya uzembe hufunguliwa ndani ya miaka 3. Tafadhali msikae mkingoja uamuzi wa baraza huku muda huo ukiyoyoma.

Binti wa Umoja:
Nawashukuru sana. Je, barua niiandike kwa jina langu au la mama?

Wakili, Ngara:
Ikiwa mama ana nguvu na akili timamu, yeye ndiye mlalamishi na atie sahihi mwenyewe. Akipenda umwakilishe, akupe idhini ya maandishi, kwani faili ni siri yake na bila idhini hiyo hospitali ina haki ya kukunyima.