Barbara Stanwyck: mbona hakushinda Oscar?

Binti Kuze
Shikamooni wakubwa. Nyanya yangu hapa Mji wa Kale hatoki nje siku hizi, basi jioni namwekea sinema za zamani kwenye laptopu. Tangu amwone Barbara Stanwyck hataki kusikia mwengine. Juzi kaniuliza, "Huyu walimtuza nini?" Kutafuta, naona aligombea Oscar mara 4 asishinde hata moja. Yawaje? Na mbona nyota mkubwa hivyo akaingia runinga?

Mzee wa Makadara
Marahaba mwanangu, nisalimie bibi. Nilikuwa nikiendesha mashine ya sinema hapa mjini, na mwanamke huyu nampenda tangu enzi hizo.

Jina lake la kuzaliwa ni Ruby Stevens, Brooklyn, 1907. Mamake alifariki yeye akiwa na miaka 4, babake akatokomea, akakulia nyumba za watu. Alianza kwa kucheza dansi jukwaani New York angali kigori.

Ya Oscar, mimi naona hivi: studio kubwa ziliwapigia debe waigizaji wao wenyewe, waliofungwa kwa mikataba ya miaka. Stanwyck hakutaka kufungwa na studio moja, leo yuko hapa kesho kule. Kazi alichagua mwenyewe, lakini kura zikifika hana wa kumsemea.

Bibi mtafutie Stella Dallas ya 1937. Mwishoni mama amesimama barabarani, mvua yamnyea, anamtazama bintiye akiolewa, kupitia dirishani. Askari anamwambia aondoke. Anamsihi amwache kidogo tu, auone uso wa mwanawe bwana harusi akimbusu. Kitambaa cha mkono amekiuma kwa meno, machozi yamlenga. Kisha anageuka na kwenda zake akitabasamu, anatembea kama aliyeshinda. Nani mwengine angeweza hivyo?

Runinga aliingia kwa sababu Hollywood ilikuwa haimwandikii mwanamke aliyepita miaka 45 kitu cha maana. Mwaka 1960 akapata kipindi chenye jina lake. Kilidumu msimu mmoja tu, na bado kikampa Emmy, tuzo kubwa ya runinga kule Marekani. Kisha The Big Valley, 1965 hadi 1969: mjane mwenye shamba kubwa la mifugo, yuko juu ya farasi, bunduki mkononi, naye akikaribia miaka 60! Emmy ya pili. Ya tatu ni 1983, kwa The Thorn Birds. Oscar ya heshima walimpa 1982.

Mama wa Kisauni
Mzee umesahau William Holden, yule mwigizaji aliyekuwa mmoja wa waanzilishi wa Mount Kenya Safari Club kule Nanyuki. Mwaka 1939, katika Golden Boy, alikuwa mgeni kabisa na wakubwa walitaka kumtoa. Stanwyck alimkingia kifua na kumfundisha mistari yake. Kwenye sherehe ya Oscar ya 1978 Holden alimshukuru mbele ya ulimwengu. Alifariki Novemba 1981, na Stanwyck alipopokea ile Oscar ya heshima miezi michache baadaye, alimtaja na kusema matakwa ya Holden yametimia. Mimi hapo hulia kila nikitazama.

Binti Kuze
Ahsanteni sana. Stella Dallas naitafuta leo leo. Mzee, hiyo The Big Valley ni ya rangi? Macho ya nyanya yachoka na picha nyeusi na nyeupe.

Mzee wa Makadara
Ya rangi, tangu kipindi cha kwanza. Mwanzishie hapo hapo.